Unakodi Pesa: Gharama Halisi ya Mkopo wa Nyumba

Muulize mtu mkopo wake wa nyumba unamgharimu kiasi gani, naye atakutajia rejesho la kila mwezi au asilimia ya riba. Hajakosea, ila hajajibu. Rejesho linamwonyesha kama mshahara utatosha hadi mwisho wa mwezi. Asilimia inamwonyesha bei ya pesa kwa mwaka mmoja. Siku atakapokabidhiwa hati ya nyumba yake atakuwa ametoa mfukoni kiasi gani? Hapo wengi hunyamaza, kwa sababu hawajawahi kukaa chini wakapiga hesabu hiyo.

Basi tuipige. Tuchukue mkopo wa milioni 10, kwa sarafu yoyote unayotumia. Kama wako ni mkubwa au mdogo kuliko huo, uwiano utakaouona hapa haubadiliki. Riba ni asilimia 12 kwa mwaka, inakokotolewa kila mwezi kwenye salio, na muda ni miaka 20. Rejesho linatoka 110,109 kwa mwezi. Zidisha kwa miezi 240: ni milioni 26.4 na ushei. Milioni 10 ni zile ulizokopa, na milioni 16.4 ni riba.

Anayeiona hesabu hii kwa mara ya kwanza huhisi ameibiwa. Hajaibiwa. Hakuna hila iliyofichwa kwenye namba hizo, na hakuna aliyemtoza zaidi ya asilimia 12 waliyokubaliana. Kilichotokea ni kwamba amekaa na pesa ya watu kwa muda mrefu sana.

Kodi ya pesa

Njia nyepesi ya kuielewa riba ni kuiona kama kodi ya pango, isipokuwa unachopanga si chumba bali pesa. Kila mwezi mwenye pesa anakutoza kodi ya kiasi ambacho bado unacho mkononi. Ukishikilia kingi, kodi ni kubwa. Ukishamrudishia sehemu, kodi inashuka kwa sehemu hiyo tu.

Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 10 kamili. Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, kwa hiyo kodi ya mwezi huo ni 100,000. Wewe umelipa 110,109. Kinachobaki kwenda kupunguza deni ni 10,109 peke yake. Mwezi wa pili unadaiwa 9,989,891, kodi inakuwa 99,899, na deni linapungua kwa 10,210. Mwezi wa tatu nafuu inaongezeka kidogo tena. Rejesho ni lile lile, lakini ndani yake riba inajikunja polepole na deni la msingi linachukua nafasi yake.

Ugumu uko kwenye neno "polepole". Mwaka wa kwanza ukiisha utakuwa umelipa milioni 1.32, na deni limepungua kwa 128,000 tu. Baada ya miaka mitano umelipa milioni 6.6 na bado unadaiwa milioni 9.17. Baada ya miaka kumi, nusu ya safari kwa kalenda, umelipa milioni 13.2, kiasi kinachozidi mkopo wenyewe, na salio linasoma milioni 7.67. Mwezi ambao kwa mara ya kwanza zaidi ya nusu ya rejesho lako inaenda kwenye deni na si kwenye riba ni mwezi wa 172. Huo uko ndani ya mwaka wa kumi na tano.

Watu wengi huamini kwamba benki "inachukua riba yake kwanza" kwa makusudi, kana kwamba kuna kifungu kinachosema hivyo. Hakihitajiki kifungu. Riba inakuwa kubwa mwanzoni kwa sababu deni ni kubwa mwanzoni, na rejesho limepangwa liwe sawa tangu mwanzo hadi mwisho. Ukitaka riba ndogo mapema, itabidi uanze na rejesho kubwa zaidi.

Muda ndio unaokula

Hebu tubadilishe kitu kimoja tu, yaani muda. Mkopo ni ule ule wa milioni 10 kwa asilimia 12, ila kwa miaka 15. Rejesho linapanda hadi 120,017, yaani nyongeza isiyofika elfu kumi kwa mwezi. Jumla ya malipo inashuka hadi milioni 21.6. Umeokoa milioni 4.8.

Sasa tuelekee upande wa pili. Miaka 30. Rejesho linashuka hadi 102,861. Umepata nafuu ya 7,248 kwa mwezi, chini ya asilimia 7 ya rejesho. Jumla? Milioni 37. Kwa nafuu hiyo ndogo umekubali kulipa milioni 10.6 za ziada, zaidi ya mkopo mzima wa mwanzo.

Hesabu hii ndiyo inayostahili kukaliwa zaidi kuliko nyingine zote, kwa sababu inapingana na tunavyohisi. Tunadhani kwamba tukirefusha muda kwa nusu yake, mzigo wa mwezi utapungua kwa kiasi kinachokaribiana na hicho. Haupungui, maana sehemu kubwa ya rejesho ni kodi ya pesa, na kodi hiyo haijali umepanga kukaa miaka mingapi. Milioni 10 kwa asilimia 12 zinadai 100,000 mwezi wa kwanza hata ungepewa miaka mia. Kurefusha muda kunapunguza ile sehemu ndogo inayoua deni, na hiyo ndiyo uliyokuwa unaihitaji.

Linganisha na riba yenyewe. Tukirudi kwenye miaka 20 na kupandisha riba kutoka asilimia 12 hadi 14, rejesho linakuwa 124,352 na jumla milioni 29.8, yaani nyongeza ya milioni 3.4. Si ndogo. Lakini ni theluthi ya kile kilicholetwa na ile miaka kumi ya ziada. Utamkuta mkopaji amezunguka benki nne akitafuta punguzo la nusu asilimia, kisha ofisa mikopo anamwambia, "Tukikuongezea miaka michache rejesho litakuwa jepesi," naye anaitikia bila kuuliza swali hata moja.

Simaanishi kwamba muda mrefu ni kosa siku zote. Kipato kikiwa hakitoshi kwa miaka 15, miaka 20 inaweza kuwa ndiyo tofauti kati ya kuwa na nyumba na kutokuwa nayo. Ila ijulikane kwamba nafuu hiyo inanunuliwa, na bei yake ndiyo hiyo.

Asilimia 7 inayogeuka 10.5

Mpaka hapa tumezungumzia riba inayotozwa kwenye salio linalopungua. Kuna ya aina nyingine, ambapo riba inatozwa kwenye mkopo wa mwanzo mwaka hadi mwaka, hata kama umeshalipa sehemu kubwa. Kwa kodi ya pango ni kama kurudisha vyumba vitatu kati ya vinne na kuendelea kulipia vyote.

Mkopeshaji wa aina hii atakuambia riba yake ni asilimia 7, na masikioni itakuwa tamu mbele ya ile 12. Milioni 10 mara asilimia 7 mara miaka 20 ni milioni 14 za riba, kwa hiyo rejesho ni 100,000 kamili kwa mwezi. Ukitafuta riba ya salio linalopungua inayotoa rejesho hilo hilo, utapata asilimia 10.5 na kidogo. Kwa muda mfupi udanganyifu wa macho unazidi: asilimia 7 ya namna hii kwa miaka mitano ni sawa na asilimia 12.5 ya salio linalopungua. Katika mfano wetu wa miaka 20 bado iko chini ya 12, kwa hiyo huenda ukaamua kuichukua. Chukua, lakini ukijua umelinganisha 10.5 na 12, si 7 na 12. Na uliza mapema: ukimaliza deni kabla ya wakati, ile riba ya miaka iliyobaki inafutwa au inabaki palepale?

Swali hilo hilo linamhusu anayekwepa riba kwa sababu ya imani yake na kuchagua murabaha, ambapo benki inanunua nyumba kisha inamuuzia kwa bei ya juu inayolipwa kwa awamu. Uzuri wake ni kwamba bei yote inajulikana siku ya kwanza na haipandi. Ukitaka kuipima gharama yake, panga awamu zote kwenye karatasi na uzilinganishe na bei ya fedha taslimu, kama unavyofanya kwa mkopo mwingine wowote.

Siku riba inapopanda

Mikopo mingi ya nyumba duniani ina riba inayobadilika. Inafuata riba ya benki kuu au kipimo kingine cha soko, na mkataba unampa mkopeshaji haki ya kuirekebisha. Wakati wa kusaini, kifungu hicho husomwa haraka.

Turudi kwa mkopaji wetu aliyemaliza miaka mitano. Anadaiwa milioni 9.17. Riba inapanda kutoka 12 hadi 15. Ili amalize kwa wakati uliopangwa, rejesho lake linapaswa kuruka hadi 128,404, nyongeza ya zaidi ya 18,000 kila mwezi. Mshahara haujui habari hizo.

Wakati mwingine mkopeshaji, kwa kumhurumia mteja au kwa kuogopa ashindwe kulipa, anaacha rejesho libaki 110,109 na kurefusha muda. Hapa inafaa kupiga hesabu moja fupi. Asilimia 15 kwa mwaka ni 1.25 kwa mwezi, na 1.25 ya milioni 9.17 ni kama 114,700. Kodi ya mwezi mmoja imelizidi rejesho zima. Mkopaji analipa kwa uaminifu, hachelewi hata siku moja, na deni linakua. Hakuna urefu wa muda utakaolimaliza. Kabla ya kusaini mkopo wa riba inayobadilika, omba upigiwe hesabu ya rejesho riba ikipanda kwa pointi 3, kisha jiulize kama ungeweza kulilipa leo, si siku mshahara utakapoongezeka.

Ada na vitu vidogo vidogo

Ada ya kushughulikia mkopo, malipo ya mthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya moto. Kila kimoja peke yake ni kidogo ukikiweka kando ya milioni 10, ndiyo maana hupita bila ubishi. Ukikatwa ada za asilimia 3 mwanzoni, umepokea milioni 9.7 huku ukilipa kama uliyepokea 10. Riba yako halisi imeshakuwa karibu 12.5, na hiyo ni kama utakaa na mkopo miaka yote 20. Ukiuza nyumba na kulipa deni baada ya miaka mitano, ada zile zile zinagawanywa kwa muda mfupi na riba halisi inafika karibu 12.8.

Hatari zaidi ni ada "kuingizwa kwenye mkopo" ili usitoe pesa taslimu. Ada ya 200,000 ikiingizwa humo inalipiwa riba kwa miaka 20 kama deni jingine lolote, na ukimaliza imekugharimu kama 528,000.

Marekani ilipitisha sheria mwaka 1968 ya kuwalazimisha wakopeshaji kutaja kiwango kimoja cha asilimia kwa mwaka kinachojumuisha riba pamoja na ada, ili mteja aweze kulinganisha mkopo na mkopo. Nchi nyingi zina kanuni za namna hiyo siku hizi. Hata pale ambapo hakuna kanuni, swali linabaki lile lile na mtu yeyote anaweza kuliuliza: "Nitapokea kiasi gani mkononi, na nitalipa jumla ya kiasi gani, kila kitu kikiwa ndani?"

Matengenezo ya nyumba, kodi ya majengo na mengineyo ningeyaweka kwenye kapu jingine. Hayo ni gharama za nyumba. Ungeyalipa hata kama ungenunua kwa fedha taslimu. Lakini yanatoka kwenye mfuko ule ule unaotoa rejesho. Kipimo kinachotumika sana ni kutenga kama asilimia 1 ya bei ya nyumba kila mwaka kwa ajili ya ukarabati. Kwa nyumba ya milioni 12.5, ambayo mnunuzi ametanguliza milioni 2.5 na kukopa 10, hiyo ni 125,000 kwa mwaka. Kwa miaka 20 inalingana na ile fedha yote aliyotanguliza.

Kulipa zaidi, na kulipa mapema

Kama gharama kubwa inatokana na kushikilia pesa kwa muda mrefu, basi kila shilingi inayorudishwa kabla ya wakati wake inaacha kutozwa kodi tangu siku hiyo hadi mwisho. Ongeza 10,000 kwenye rejesho la kila mwezi kuanzia mwanzo, na mkopo wa miaka 20 unaisha kwa miaka 15.

Wakati wa kuongeza nao una uzito wake. Tuseme umepata 500,000 mara moja, na rejesho la kila mwezi unaendelea nalo kama kawaida. Ukizipeleka kwenye deni mwishoni mwa mwaka wa kwanza, mkopo unaisha zaidi ya miaka mitatu kabla ya wakati, na baada ya kuondoa hizo 500,000 ulizotoa umeokoa kama milioni 3.5. Ukizipeleka mwishoni mwa mwaka wa 15, unapunguza takriban miezi minane na kuokoa kama 377,000. Pesa ni zile zile. Wengi hufanya kinyume: miaka ya mwanzo wanavuta pumzi na kununua samani, na mwishoni, wakishachoka na deni, ndipo wanakimbilia kulimaliza.

Kabla ya kufanya hivyo, angalia mambo mawili kwenye mkataba. Kwanza, kama kuna adhabu ya kulipa mapema, na ni kiasi gani. Pili, pesa ya ziada inaingia wapi. Isipoelekezwa, inaweza kuhesabiwa kama rejesho la mwezi ujao lililotangulia, na salio lako lisinufaike kama ulivyotarajia. Andika waziwazi kwamba ni ya kupunguza deni la msingi, kisha dai taarifa mpya ya salio.

Kuhamisha mkopo

Baada ya miaka mitano, benki nyingine inakuja na asilimia 11. Rejesho jipya ni 94,697, punguzo la zaidi ya 15,000 kwa mwezi. Nani atakataa? Lakini mkopo huo mpya ni wa miaka 20 kuanzia leo. Kwenye mkopo wa zamani kulikuwa kumebaki miezi 180, jumla milioni 19.8. Kwenye mpya utalipa milioni 22.7. Riba imeshuka, rejesho limeshuka, na gharama imepanda kwa milioni 2.9, kabla hata ya kuhesabu ada za kuhama.

Fanya jambo moja tofauti: hama, lakini endelea kulipa 110,109 kama zamani. Mkopo unaisha kwa miezi kama 158, na jumla ni milioni 17.4. Umeokoa milioni 2.4 kwa punguzo la asilimia moja tu, kwa sababu hukuruhusu saa ianze upya.

Je, ni kweli umelipa mara mbili na nusu?

Kukopa harusi, kulipa matanga, walisema wahenga, na namba zote hizi zinaelekea kuwaunga mkono. Kuna upande mmoja, hata hivyo, ambao ni haki kuusema. Pesa ya mwaka wa ishirini si sawa na pesa ya leo. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 5 kwa mwaka, rejesho la mwisho la 110,109 litakuwa na nguvu ya kununua ya kama 41,500 za leo. Ukiyarudisha marejesho yote 240 kwenye thamani ya leo kwa namna hiyo, jumla haiwi tena 26.4 bali kama 16.8. Bado ni nyingi kuliko 10, lakini si mara mbili na nusu. Na kama mshahara wako unakwenda sambamba na bei, rejesho lililokubana mwaka wa pili litakuwa jepesi mwaka wa kumi na mbili. Mkopo wa riba isiyobadilika unamlinda mkopaji hapo. Wa riba inayobadilika mara nyingi haumlindi, kwa sababu bei zikipanda sana, riba nayo huwa inapandishwa.

Hesabu hii pia ndiyo inayosaidia kujibu lile swali la kupanga au kununua, ambalo hujibiwa kwa msemo wa "kodi ni pesa inayopotea." Katika miaka mitano ya kwanza ya mkopo wetu, kati ya milioni 6.6 zilizolipwa, milioni 5.78 ni riba. Kwa wastani ni 96,000 na ushei kila mwezi, na hizo hazirudi, kama vile kodi ya pango isivyorudi. Mtu anayejua atahama mji baada ya miaka mitatu au minne anapaswa kuiweka namba hiyo, pamoja na ada za kununua na za kuuza, kando ya kodi ambayo angelipa kwa nyumba kama hiyo hiyo.

Namba zote za aina hii kwa mkopo wako ziko kwenye karatasi moja inayoitwa ratiba ya marejesho, inayoonyesha mwezi kwa mwezi riba ni kiasi gani, deni la msingi limepungua kwa kiasi gani na salio ni lipi. Iombe kabla ya kusaini. Ruka mstari wa kwanza, nenda kwenye mstari wa 60 na wa 120, na usome safu ya salio.